Tunadaiwa Nini na Wanaosahau?

Kuna tukio katika filamu ya Groundhog Day ambalo kila mtu hulicheka. Mimi pia nililicheka mara ya kwanza, tukiwa sita tumejibana kwenye chumba cha hosteli chuoni, macho yote kwenye kompyuta moja ambayo betri yake ilishakufa zamani na ilikuwa ikiishi kwa waya. Phil Connors, mtangazaji wa hali ya hewa wa televisheni, anamkaribia mwanamke aitwaye Nancy na kumuuliza maswali ya ajabu ajabu: ulisoma sekondari gani, nani alikufundisha Kiingereza mwaka wa mwisho. Nancy anajibu huku akijiuliza huyu naye katokea wapi. Siku inaisha. Kesho yake, ambayo kwa Phil si kesho bali ni tarehe 2 Februari ile ile, anamwendea kwa bashasha ya mtu aliyekutana na rafiki waliyepoteana miaka mingi. Si tulikaa darasa moja! Anamtajia shule, anamtajia mwalimu. Nancy hana habari kwamba maneno hayo yametoka kinywani mwake mwenyewe. Anaamini. Chumba kizima tukaangua kicheko, na jamaa yetu mmoja akasema huo ndio uandishi wa habari za uchunguzi.

Mwaka huu nimeitazama tena, peke yangu, na nilipofika hapo nikaisimamisha. Sababu nitaifikia.

Kwa ambaye hajaiona: ni filamu ya 1993, mwongozaji Harold Ramis. Phil kapelekwa mji mdogo wa Punxsutawney, Pennsylvania, kutangaza sherehe ya mnyama mmoja wa mashimoni anayesemekana kutabiri kama baridi itaendelea au itakwisha mapema. Analala hotelini, anaamka saa kumi na mbili kamili asubuhi, redio inapiga wimbo wa jana, na siku ni ya jana. Hivyo hivyo siku inayofuata, na inayofuata. Mji mzima unaanza upya bila kujua. Yeye peke yake anakumbuka. (Mwenzangu, umeiona hiyo saa kumi na mbili? Kwao ni saa sita tu, namba kama namba nyingine. Kwetu ndipo hesabu inapokwisha na kuanza tena na moja. Waandishi wa filamu hawakuwa na habari na saa zetu, ila nadhani sisi ndio tunaoipata utamu zaidi.)

Hadithi za namna hii naziita za kitanzi cha wakati. Wengine wanasema duara, wengine mzunguko, na siwapingi. Napenda kitanzi kwa sababu ni kile cha kunasia ndege na pia ni kile cha kujinyongea, na wahusika wa hadithi hizi hupita kote kuwili. Phil mwenyewe anajiua mara kadhaa, kwa njia tofauti, na kila mara redio inamwamsha.

Kinachonivuta zaidi si kitanzi chenyewe, ni kwamba mapema au baadaye kitanzi hugeuka kuwa somo. Aliyenaswa anaacha kupiga kelele na kuanza kuchunguza. Katika sehemu moja ya Star Trek: The Next Generation ya mwaka 1992, iitwayo Cause and Effect, chombo cha Enterprise kinalipuka mwanzoni kabisa, halafu mabaharia wake wanajikuta wamerudi mezani wanacheza karata. Kisha kinalipuka tena. Kidogo kidogo wanahisi kwamba wameshapita hapa, wanafanya utafiti, na wanagundua wanaweza kujitumia ujumbe kwenye mzunguko unaofuata, lakini ujumbe mdogo mno. Wanafaulu kupenyeza namba moja tu, tatu, na namba hiyo ndiyo inayowaokoa. Wanapotoka wanakuta wamekaa humo siku 17. Chombo kingine kilichokuwa kikigongana nao kilikuwa kimenaswa miaka 90, na nahodha wake hajui.

Claire North yeye kaenda mbali zaidi. Katika riwaya yake ya 2014, The First Fifteen Lives of Harry August, kitanzi si siku, ni maisha mazima. Harry anazaliwa mwaka 1919, anaishi, anakufa, anazaliwa tena mwaka ule ule mahali pale pale, na akifika umri wa kuanza kuelewa mambo, kumbukumbu zote zinamrudia. Na hayuko peke yake. Wapo wengine kama yeye, wana chama chao, Cronus Club, chenye taratibu, ulezi wa watoto wanaorudi upya na miiko ya kutovuruga historia. Wana hata posta ya kupeleka habari nyuma: mtoto aliyeishi kwenye karne inayokuja anamnong'oneza mzee aliye kitandani mwa kufa, mzee akizaliwa tena anaipeleka habari hiyo kwa mzee mwingine aliyemtangulia, hivyo hivyo mpaka zamani za mbali. Riwaya inaanza kwa binti wa miaka saba kuja kitandani kwa Harry kumletea habari kutoka mbele, na si habari njema. Nilipoisoma mara ya kwanza nilifunga kitabu nikakaa kimya kwa muda. Sijui mwandishi mwingine aliyewazia urasimu wa kitanzi kwa undani huo.

Sasa, chama hicho kina jina la kutuita sisi tusiorudi: watu wa mstari. Tunakwenda mbele mara moja, tunakwisha. Kwao sisi ni mandhari, mvua inayonyesha siku ile ile kila maisha. Baadhi yao ni wapole kwetu, baadhi hawatujali, lakini hata wapole wanatutazama kwa macho ya mtu aliyeshaiona filamu.

Nietzsche aliuliza swali lake maarufu mwaka 1882: ungefanyaje kama pepo angekujia usiku na kukwambia kwamba maisha yako haya, na kila kilichomo, utayarudia mara zisizo na idadi? Ungelia au ungeshukuru? Ni swali kubwa, na limelisha vitabu vingi. Ila tazama linamuuliza nani. Linamuuliza mwenye maisha kuhusu maisha yake. Ungeweza kuyabeba wewe? Karibu hadithi zote za kitanzi zimelirithi jicho hilo: zinamfuata anayekumbuka, mateso yake, ujanja wake, kukua kwake. Nancy anabaki mgahawani. Hakuna anayemuuliza Nancy, maana Nancy hakumbuki, na asiyekumbuka hana malalamiko.

Hapo ndipo niliposimamisha filamu.

Bibi yangu mzaa mama yuko Tanga. Miaka sita sasa ana ugonjwa wa kusahau. Mikono yake inakumbuka: mpe ukili atasuka mpaka jioni, na msuko wake hauna kasoro. Sala anaikumbuka. Sura zetu anazikumbuka siku nyingine, na nyingine hapana, na siku zisizo na bahati ananiita kwa jina la mjomba, nami naitika. Lakini kila siku, ikishapita alasiri, anageuza uso upande wa barabara na kuuliza, "Kaka keshafika?"

Kaka yake alikuwa akifanya kazi kwenye shamba la mkonge upande wa Muheza, na Jumamosi alikuwa akirudi nyumbani jioni na mkate na sukari. Alifariki kabla mama yangu hajazaliwa. Kwa bibi kila siku ni Jumamosi.

Anaweza kuuliza mara nane mpaka magharibi. Mama mdogo, anayekaa naye, ana jibu moja: "Yuko njiani, mama." Bibi anasema, "Haya," anarudi kwenye ukili wake. Baada ya robo saa anauliza tena.

Mimi naishi Dar es Salaam na naenda Tanga nikipata likizo au wikiendi ndefu. Kazi yangu ni kuandika habari. Nimefundishwa, na mara nyingine nimewafundisha wanaonifuata, kwamba husemi usichokijua na huongezi chumvi. Ndiyo maana lile "yuko njiani" lilinikera mwanzoni. Nikamwambia mama mdogo kwamba tunamdanganya mtu mzima. Akanitazama akasema, "Basi wewe mwambie." Akaenda kuanua nguo.

Sikumwambia siku hiyo. Nilichofanya ni kununua daftari.

Naona aibu kuandika hili lakini ndilo lililonileta hapa. Nilianza kuandika majibu. Nilijiambia ni kwa faida yake, nitafute jibu linalomtuliza zaidi, na kwa nusu ilikuwa kweli. Tarehe, saa, nilichojibu, alichofanya. "Kachelewa gari": alitulia dakika ishirini. "Kesho atakuja": alikasirika, mbona leo ni Jumamosi? "Kaja, kaenda kuoga": alitaka kusimama kumtengea chakula, ikawa tabu. Siku moja nikamwambia kaka kaoa, yuko kwa wakwe. Bibi akacheka mpaka akajifuta machozi kwa upande wa khanga. Kaoa nani? Si yule wa Pangani? Kumbe alikuwapo mtu wa Pangani! Kesho yake nikarudi na jibu lililonolewa: kaka kaoa, kamwoa yule wa Pangani. Akacheka zaidi. Siku ya tatu nikaongeza mbwembwe, nikamtaja mama wa huyo binti, nikaiga alivyokataa mahari. Vyote hivyo alinipa yeye mwenyewe jana yake. Nilikuwa msanii mwenye mtazamaji mmoja asiyechoka, ambaye kila jioni ananiona kwa mara ya kwanza.

Unaiona Nancy hapo? Mimi sikuiona. Niliona mjukuu anayemchekesha bibi yake.

Halafu jioni moja nikamwambia ukweli. Na hapa nataka kuwa makini, maana nimejaribu mara nyingi kujitetea. Sikumwambia kwa sababu nilichoka kudanganya, wala kwa sababu niliona ana haki ya kujua. Nilimwambia kwa sababu jibu hilo lilikuwa halimo kwenye daftari. "Bibi, kaka alifariki. Zamani sana." Akaacha ukili. Akaniuliza lini, nikasema zamani. Akaniuliza nani alimwosha. Sikujua. Akauliza tena, nani alimwosha kaka yangu, nami sijui. Alilia mpaka isha, si kwa sauti, na mama mdogo akaja akakaa naye mkekani bila kunisemesha. Asubuhi bibi aliamka mzima, akaniuliza kama nimekunywa chai. Alasiri ikapita. "Kaka keshafika?"

Na mkono wangu, bwana, ulikwenda kwenye daftari.

Hoja ya Phil ni rahisi na ina nguvu kuliko tunavyopenda kukiri. Kitendo kinachofutika pamoja na siku yake hakijamdhuru mtu. Nancy wa kesho hana doa. Bibi aliamka hana huzuni. Jeraha liko wapi? Tukilitafuta hatulioni.

Nimeizungusha hoja hiyo kichwani kwa miezi na naona inavunjika mahali pamoja. Fikiria daktari anakwambia utapasuliwa bila ganzi, utasikia kila kisu, lakini ukimaliza utapewa dawa ya kukusahaulisha, hutakumbuka hata kidogo. Ungekubali kwa sababu hiyo tu? Sijaona mtu anayekubali, kama ganzi ipo. Maumivu ya saa nne ni maumivu saa nne. Kwamba saa tano hayakumbukwi ni habari ya saa tano. Saa zile alizolia bibi zilikuwapo, zilijaa, hazikuwa rasimu ya siku nyingine. Isitoshe, tukisema kisichokumbukwa si kitu, basi tumejifuta wote, maana miaka mia ijayo nani atakumbuka mimi na wewe tulitendewa nini? Tofauti ya bibi na sisi ni urefu wa kamba tu.

Lakini maumivu hayatoshi kuieleza Nancy, kwa sababu Nancy hakuumia. Alifurahi. Bibi naye na hadithi ya Pangani alifurahi, tena sana. Kama furaha ndiyo mizani, mimi na Phil tungepewa zawadi.

Nadhani kosa liko kwenye kujua. Nancy anaingia kwenye mazungumzo akidhani wote wawili wamesimama sawa, wageni kwa wageni. Kumbe mmoja keshayafanya mazungumzo hayo, keshasahihisha makosa yake, kaja na majibu mfukoni. Mwingine anaishi, yeye anafanya marudio. Huwezi kukataa mchezo usiojua kwamba unachezwa. Katika filamu Phil anajaribu mbinu hiyo hiyo kwa Rita, produsa wake. Anajifunza kinywaji anachopenda, anajifunza atanyanyua glasi kwa ajili ya nini, anajifunza mpaka ushairi wa Kifaransa. Jioni zinakuwa nzuri, na kila jioni inaishia kwa kibao. Tunaonyeshwa vibao mfululizo. Rita hakumbuki chochote, hana ushahidi wowote, na bado kila mara anahisi kwamba mtu huyu anamsoma badala ya kumsikiliza.

Bibi hakunipiga kibao. Ila kitu cha karibu na hicho kilitokea, nitakisema mwishoni.

Katika riwaya ya North kuna mfano mgumu zaidi ya wangu. Katika maisha yake mojawapo Harry anapoteza rafiki aliyeuawa na mtu aitwaye Richard Lisle, muuaji wa wanawake. Katika maisha mengine Harry anamtafuta Lisle na kumuua kabla hajaua. Lisle anakufa hajui kwa nini. Ni yule yule? Ana mikono ile ile, ndiyo, lakini mikono ambayo haijafanya kitu bado. Nimebishana na rafiki zangu kuhusu jambo hili mpaka chai ikapoa, na wengi wako upande wa Harry. Kuokoa ni kuokoa. Mimi pia niko upande wake, nusu. Kinachonitia wasiwasi ni namna inavyokuwa rahisi kidogo kila mara. Mwenye kukumbuka ni hakimu, shahidi na mnyongaji, na hakuna duniani mtu wa kumuuliza.

Turudi kwa Phil, maana sitaki kumwacha vibaya. Sehemu ninayoiheshimu katika Groundhog Day ni fupi sana. Kuna mzee ombaomba ambaye Phil alikuwa akimpita kila siku. Usiku mmoja anampeleka hospitali, mzee anakufa. Phil anajaribu tena, siku ile ile nyingine: anamlisha supu, anamkalisha mahali penye joto, anampulizia pumzi barabarani. Mzee anakufa. Kila usiku anakufa. Hakuna jibu kwenye daftari litakalomponya.

Kwa hoja ya Phil wa mwanzo, ile supu imepotea bure. Mlaji hatakumbuka wala hatapona, na kesho bakuli litakuwa halijawahi kushikwa. Lakini sijamwona mtu anayetazama tukio lile akasema supu imepotea. Alikula. Ilikuwa ya moto. Kama tunakubali kwamba supu ile ilikuwa kitu, basi na kule kumhadaa Nancy kulikuwa kitu, na daftari langu pia. Mtu hawezi kuhesabu yale mazuri tu.

Mwaka jana nilisoma, kwa Kiingereza, juzuu ya kwanza ya riwaya ya Solvej Balle wa Denmark, On the Calculation of Volume, iliyofika orodha fupi ya tuzo ya International Booker ya 2025. Tara Selter, muuza vitabu vya kale, amenaswa kwenye tarehe 18 Novemba. Kila asubuhi anamweleza mumewe, Thomas, na kila asubuhi Thomas anamwamini. Hilo lilinishangaza kuliko kitanzi chenyewe. Hakuna purukushani ya kumthibitishia. Anamwamini, wanakaa pamoja kuipekua siku kama watafiti wawili, usiku unafuta, na asubuhi Tara anaanza tena. Mwishowe anaacha kumwambia. Anajificha kwenye chumba cha wageni ndani ya nyumba yake mwenyewe, anamsikiliza mumewe akipanda ngazi, akiweka birika, na anaandika.

Balle kaongeza kitu ambacho wengine hawakukifikiria. Dunia inarudi upya, lakini si yote: anachokula Tara hakirudi. Rafu za duka anakonunua zinabaki na mapengo. Anaanza kujiona kama dubwana linaloitafuna siku moja mpaka iishe. Niliposoma hapo nilimfikiria mama mdogo. Sisi tunaotembelea tunaona alasiri ile ile, swali lile lile, mkeka ule ule. Kinachopungua ni yeye. Alipohamia kwa bibi alikuwa na kibanda cha kushona nguo na mchumba. Siku inarudi ila yeye hairudii. Kila moja anaizeekea.

Nilimuuliza kama "yuko njiani" haimkeri. Akasema mwanzoni alikuwa akimwambia ukweli. Kila siku, karibu mwezi mzima. Mimi sikulijua hilo. Akasema, "Nilikuwa namzika mjomba kila jioni, halafu naenda kupika." Ndipo akaacha. Sikuona la kumjibu. Yeye na mimi tulitamka maneno yale yale, kwamba kaka kafariki, na sasa naona hatukufanya jambo moja. Yeye alikuwa akilipa deni la kweli mpaka likamfilisi. Mimi nilikuwa nakusanya data.

Kuna mwanafikra mmoja ambaye hadithi hizi hunirudisha kwake kila mara, naye ni John Mbiti wa Kenya. Kitabu chake cha 1969, African Religions and Philosophy, kimeandikwa kwa Kiingereza, lakini alipotaka kuueleza wakati alichukua maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani. Sasa si dakika hii tu. Ni wakati wote ambao bado unaishika miguu yetu. Zamani ni bahari ambamo kila kitu hatimaye huzama. Na aliyekufa, kwa Mbiti, hazami mara moja. Anabaki ndani ya Sasa maadamu yupo aliye hai anayemkumbuka kwa jina. Wamempinga wengi, akiwamo Kwame Gyekye wa Ghana, hasa kwa kudai kwamba Waafrika hawana dhana ya wakati ujao wa mbali, na kwa kweli sisi wenye "panapo majaliwa" na "Mungu akipenda" midomoni tunajua kwamba kesho tunaiwaza, tena kwa adabu. Lakini kuhusu wafu nadhani aliona kitu.

Kwa sababu hesabu yenyewe ni hii: aliye hai anayemkumbuka yule kaka kwa sura, kwa mwendo, kwa mkate na sukari, ni mmoja tu. Ni bibi. Mtu asiyejua amekula nini asubuhi ndiye amemshikilia ndugu yake asizame. Sisi wenye kumbukumbu nzima hatumjui hata aliyemwosha.

Safari iliyofuata nilijaribu kitu kingine. Aliuliza, nikasema, "Bado. Akija huwa anakaa wapi?" Akaniambia anakaa pale, kwenye kizingiti, havui viatu mpaka apewe maji. Nikauliza anapenda nini. Kesho yake nikauliza tena na akanipa jibu jingine, la mnazi aliouparamia akashindwa kushuka. Yalikuwa mazungumzo mazuri, sikatai. Bado sijui kama ni tofauti kweli na ile ya Pangani au nimebadilisha jalada la daftari tu. Nilikuwa naandika vilevile.

Na hili ndilo niliahidi. Jioni ya tatu au ya nne, katikati ya habari ya mnazi, bibi alinyamaza. Akaitazama kalamu. Akanitazama mimi, kwa macho ambayo sikuyaona kwa miaka, ya mwanamke aliyelea watoto saba na kuwajua wote walipokuwa wakiiba sukari. Akauliza, "Na wewe unaandika nini?"

Swali hilo hakuwahi kuuliza. Sikuwa na jibu mfukoni. Nikasema, "Naandika unayosema, bibi." Akasema, "Usomee basi." Nikamsomea, ukurasa ule tu. Alisikiliza mpaka mwisho, akasahihisha: haukuwa mnazi, ulikuwa mwembe. Kisha akageuka barabarani.

Wiki iliyopita mama mdogo alipiga simu, usiku, nikajua si ya salamu. Akasema leo siku ya nne hajauliza. Anakula kidogo, analala vizuri, ukili anasuka. Ila alasiri inapita na hageuki.

Nikamuuliza na yeye anafanyaje.

"Leo nimemuuliza mimi," akasema. "Nimemwambia, mama, kaka keshafika? Akanitazama tu."

Naondoka Ijumaa na basi la saa kumi na mbili asubuhi.